Wigi Lililopita Kila Nukta

Kazini walimwita Nukta, na jina lilimkaa kwa sababu kutwa nzima hakuwa na wimbo mwingine. Nukta hizi, nukta zile, nukta imeruka, nukta imejibanza. Karakana yao ilitengeneza mawigi ya wanaume wenye vipara, yale ya bei mbaya yanayofinyangwa kufuata kichwa cha mwenyewe, si yale ya kuvaa kama kofia na kuomba upepo usivume. Mteja aliingia kwa mlango wa nyuma, akakalishwa kwenye kiti cha kinyozi chini ya mashine iliyofanana na sufuria iliyopinduliwa. Mashine ilikimulika kipara, ikakipapasa kwa mwanga pande zote, halafu ikamtemea Nukta kwenye kompyuta yake, chumba cha pili, vitone vingi vilivyoelea hewani kama kichwa kilichochorwa kwa chumvi.

Kazi yake ilikuwa kuvipitishia vitone hivyo mstari. Mistari mingi, kwa kweli, ya kwenda na ya kukatiza, mpaka itokee ngozi laini ambayo mashine ya kuchonga ingeifuata na kutoa ganda jembamba la plastiki. Juu ya ganda ndipo mafundi walishona nywele. Mahesabu yenyewe hakuyatunga yeye. Aliyaazima kwenye maktaba, maana ndivyo watu wa kompyuta wanavyoliita rundo la mahesabu yaliyokwisha kuandikwa na wenzao na kuachwa wazi ili kila mwenye shida achote. Jina hilo lilikuwa limemletea balaa. Mama yake mzazi aliwatangazia majirani kwamba binti anafanya kazi maktaba, na haukupita muda jirani mmoja akaja na kitabu alichochelewa kukirudisha kwa miaka mingi, akamsihi Nukta akipenyeze rafuni kimyakimya.

Maktaba ile ilijua njia mbili za kupitisha mstari. Ya kwanza iligusa kila nukta bila kuruka hata moja, kama mtu anayeingia sebuleni na kumpa mkono kila mgeni, mpaka mtoto aliyelala. Ya pili ilikuwa na namba ya kuchezea ambayo Nukta aliiita ulegevu. Ukiiongeza, mstari unapita karibu na nukta, unazipungia mkono, lakini haujisumbui na ile iliyojitenga peke yake kwa ukaidi.

Nukta aliupenda ulegevu. Bosi alikuwa ameupiga marufuku.

Bosi huyo alikuwa mwanamume mwenye nywele nyingi kupita kiasi, jambo ambalo wateja hawakumsamehe kamwe. Zamani kidogo alikuja mteja mwenye kinundu cha kweli nyuma ya sikio, Nukta akaweka ulegevu, mstari ukakipungia mkono kinundu na kukipita, na wigi likambana yule bwana mpaka machozi yakamtoka kwenye mkutano wa hadhara. Alirudi nalo mkononi, amelishika kama panya aliyekufa. Tangu siku hiyo Bosi alikuwa na msimamo.

"Mteja amekuja na kichwa chake," alisema. "Wewe ni nani hata ukilegeze?"

Basi ikatokea asubuhi moja vitone vya mteja mpya vikafika, na Nukta akavipenda papo hapo. Kilikuwa kichwa cha kupendeza. Mviringo safi, paji pana, kisogo kilichoteremka taratibu bila papara. Isipokuwa utosini kulikuwa na kitone kimoja kimesimama juu ya wenzake, kimeelea peke yake hewani, hakina jirani.

Akamwita Bosi. Bosi akainama mbele ya kompyuta, nywele zake zikafunika nusu ya kioo.

"Hiki si kichwa," Nukta alisema akikionyesha kile kitone. "Hiki kimekosewa. Nikifute?"

"Labda ndivyo alivyo."

"Bosi, hakuna mtu aliye hivi."

"Umeviona vichwa vya watu wote duniani?"

Hakuwa ameviona. Akaupitisha mstari juu ya kila nukta, kama alivyoagizwa, huku amekunja uso. Na mstari wa namna ile hauna tabia ya kupinda ghafla, lazima ujiandae. Kabla ya kupanda ulizama kidogo, ukajivuta, ukapanda mpaka kwenye kile kitone, ukashuka, ukazama tena upande wa pili, ndipo ukatulia. Kilichotokea ni kilima kidogo cha kuchongoka, kimezungukwa na mfereji. Mashine ya kuchonga haikuuliza swali. Mafundi walishona nywele kupanda mlima na kuteremka, wakazichana kwa upande, wakafungasha. Mteja alijulikana kwa namba tu, maana siri ilikuwa sehemu ya huduma, na wigi likatoka kwa mlango uleule wa nyuma.

Siku chache baadaye mpimaji, yule mwenye kazi ya kuwakalisha wateja chini ya sufuria, alikuwa akinywa chai na Nukta.

"Yule mzee wa kichwa cha duara alinipa tabu ya kuzuia kicheko," alisema. "Mashine inammulika, nzi akamtua utosini. Akatulia tuli, kana kwamba na yeye anapimwa wigi."

"Mbona hukumfukuza?"

"Nimpige mteja kofi la utosi? Si ningefukuzwa mimi?"

Chai ilimpalia Nukta. Akakimbia kwa Bosi, akamweleza kwamba wamemtengenezea mtu mzima wigi lenye nzi ndani yake, nzi wa plastiki, mkubwa kama limau. Bosi akafikiri.

"Amelalamika?"

"Hapana."

"Basi ameridhika. Endelea na kazi."

Mwisho wa wiki ile ilikuwa zamu ya Nukta kwenda kutambulishwa kwa wakwe. Mchumba wake alikuwa fundi wa lifti, kijana mpole, na njia nzima alikuwa kama mtu aliyekwama kati ya ghorofa mbili. Walipofika kwenye geti alimshika mkono.

"Kuna jambo kuhusu baba."

"Mkali?"

"Hapana. Ameota nywele."

Nukta akamtazama.

"Ana kipara tangu nikiwa mdogo," mchumba aliendelea kwa sauti ya chini. "Juzi ametoka chumbani ana nywele. Hakusema kitu. Akaketi, akaomba chai. Mama amesema atakayezitaja kabla baba hajazitaja mwenyewe atamjua yeye ni nani. Kwa hiyo hatujaziona. Umenielewa? Wewe ndiyo kabisa, hujawahi kumjua akiwa na kipara."

Sebule ilikuwa imepigwa deki mpaka inateleza. Kwenye kiti kikubwa alikaa mzee aliyenyooka kama nguzo. Watoto wake walimwita Mzee Rula, kwa kuwa alifanya kazi ya upimaji ardhi mpaka alipostaafu, na hata mkate aliukata kwa kukadiria pembe. Mama mkwe, mwanamke mfupi mwenye macho ya kuona kila kitu, alikuwa anapanga vikombe.

"Shikamoo baba. Shikamoo mama," Nukta alisema, akapiga goti kidogo, akainua macho.

"Marahaba, mwanangu, karibu," wakajibu.

Lakini Nukta alikuwa ameganda katikati ya goti. Uso wa mzee hakuwahi kuuona. Kichwa alikijua. Alilijua lile paji, alikijua kile kisogo chenye adabu, na utosini, chini ya nywele zilizochanwa kwa upande, alikijua kile kilima kwa kila mteremko wake, maana alikipanda yeye mwenyewe kwa kipanya cha kompyuta.

"Umeteguka?" mama mkwe akauliza.

"Hapana, mama. Nimefurahi tu."

Wakaketi. Maongezi yakaenda vizuri kwa namna ya watu wanaotembea pembezoni mwa shimo. Mama mkwe alisifia mvua. Mchumba alisifia vikombe. Kila mtu alimtazama mzee kuanzia nyusi kushuka chini. Mzee alipoinama kuchukua sukari, kitu kikasikika kikibingirika ndani ya kichwa chake, kro kro kro, halafu peremende ikadondoka kutoka juu ya sikio, ikatua kwenye sahani ya kikombe. Mzee akaitazama, akaiokota, akaimenya, akaitia mdomoni.

"Mvua ya mwaka huu kwa kweli," mama mkwe akasema.

Baadaye alikwenda jikoni na kumwita mwanawe amsaidie kubeba chakula, na Nukta akabaki na mzee. Mzee akasogeza kiti karibu.

"Nimesikia unafanya kazi maktaba."

"Si ya vitabu, baba. Ya mahesabu, ndani ya kompyuta."

"Ee! Basi Mungu amekuleta." Akachungulia jikoni, akashusha sauti. "Nikuulize swali la kitaalamu. Kompyuta ikipima kitu, halafu kitu chenyewe kikakataa, nani mwongo?"

"Kitu gani, baba?"

"Kitu tu. Tuseme, kichwa. Kuna rafiki yangu. Amepimwa kichwa kwa mashine ya kisasa, akatengenezewa, ah, kifaa. Kifaa kina mwinuko hapa." Akajigusa kilima. "Lakini kichwani kwake huo mwinuko haupo. Pako wazi. Panaingia peremende zake zote na ufunguo wa kabati. Sasa mimi nimepima ardhi maisha yangu yote. Vifaa havisemi uongo. Kwa hiyo rafiki yangu ameamua kwamba siku anapimwa mwinuko ulikuwepo, na tangu hapo kichwa chake kimepungua."

Nukta akaweka kikombe chini.

"Amekwenda kwa daktari," mzee akaendelea. "Daktari akamgonga gonga utosini kama anapiga hodi, akasema hakuna tatizo. Lakini daktari hakuwa na kifaa. Ametumia vidole! Rafiki yangu halali vizuri. Anajiuliza kitaishia wapi. Kikiendelea kupungua hivi, kofia zote zitamwingia mpaka mabegani."

Nukta alimwonea huruma mpaka moyo ukamuuma, na wakati huohuo ilibidi ajibane paja ili asicheke. Akajua hana pa kujificha.

"Baba," alisema, "kichwa hakijapungua. Ule mwinuko ni nzi."

"Nini?"

"Nzi alitua utosini wakati mashine inamulika. Mashine ikampima na yeye. Halafu mimi, nisamehe baba, ni mimi ndiye niliyepitisha mstari juu ya kila nukta, na yeye akiwemo. Niliona hapako sawa. Bosi akanikataza nisimfute."

Mzee akapandisha mkono taratibu, akakishika kilima kana kwamba ndiyo kwanza anakutana nacho.

"Kwa hiyo hiki ni nzi."

"Ndiyo, baba."

"Na kichwa cha rafiki yangu ni kizima?"

"Kizima kabisa. Baba, nimeviona vichwa vingi, lakini kichwa chako ndicho kizuri kuliko vyote nilivyowahi kuvishika. Usiku nakiwaza. Ule mteremko wa kisogo!"

Mama mkwe alikuwa amesimama mlangoni na sinia.

Ilichukua muda kulieleza lile. Nukta alianza, akajikwaa, akaanza upya. Mchumba alilishikilia bakuli la mchuzi hewani kama ameagizwa asilishushe. Mwishowe mzee mwenyewe ndiye aliyemaliza mambo. Akalivua wigi mbele ya wote, akaliweka mezani kati ya wali na matunda, na peremende zikamwagika pamoja na ule ufunguo.

"Nimevaa nzi," alitangaza. "Siku zote hizi mmeniacha nimevaa nzi."

"Wewe ndiye hukusema kitu!" mama mkwe akalipuka. "Mtu analala na kipara anaamka na mlima, nianzie wapi? Niseme hongera?" Kisha akaanza kucheka, akacheka mpaka akakaa sakafuni, na mzee akajaribu kununa lakini mdomo ukamsaliti.

Wiki iliyofuata Mzee Rula alikuja karakana kwa mlango wa mbele, jambo ambalo hakuna mteja aliyewahi kulifanya, akaomba kumwona Bosi. Hakugomba. Alikalia kiti cha kinyozi, akatoa mfukoni rula ya plastiki, akaikunja kati ya vidole vyake ili ipinde, akamwonyesha Bosi jinsi ufito unavyopinda ukishikiliwa na misumari, na unavyochanganyikiwa msumari mmoja ukipigiliwa pasipo mahali pake. Katika upimaji, alisema, mtu husoma kila kipimo kwa heshima, lakini kingine hukiheshimu kwa kukipima tena. Bosi alisikiliza huku akijisugua nywele zake nyingi. Kwa kuwa neno lilitoka kwa mteja, lilimwingia. Nukta akaruhusiwa kutumia ulegevu, kwa sharti kwamba akiona nukta ya ajabu amrudishe mteja chini ya sufuria, na mpimaji akapewa upepeo.

Wigi jipya lilimkaa mzee kama lilizaliwa naye. Lakini kufikia hapo alikuwa karibu amelisahau kabisa, kwa sababu kitu kingine kilikuwa kimemteka. Alipokuwa akimngoja Nukta amalize kazi aliuliza ile maktaba inauzwa wapi. Nukta akamwambia haiuzwi, ni ya bure, mtu yeyote anaweza kuichukua. Mzee alidhani hajasikia vizuri. Mahesabu yote yale, ya kupindisha mistari, ambayo yeye ujanani aliyafanya kwa penseli mpaka vidole vikaota sugu, bure? Akamtaka amwekee kwenye kompyuta yake siku hiyohiyo.

Toka hapo meza ya chakula ilikwisha kazi yake, ikawa ya kompyuta. Mzee alipitisha mistari juu ya kila kilichokuwa na namba. Alichora uzito wake. Alichora jinsi chai inavyopoa, akakataa kuinywa mpaka ipoe yote apate nukta za kutosha. Alimpigia Nukta simu kazini katikati ya mchana.

"Mwanangu, nukta zangu za kuku zinagoma."

"Zinagomaje, baba?"

"Mstari unasema jana kati ya asubuhi na mchana kuku walitaga mayai pungufu ya sifuri."

"Waliyarudisha ndani?"

"Ndiyo ninachokuuliza!"

Nukta akija kumtembelea mchumba wake, alikuta kiti chake kimeshatengwa kando ya mzee. Mchumba aliachwa akibadilisha balbu. Siku moja alilalamika kwamba yeye na Nukta hawajapata hata nafasi ya kupanga tarehe ya harusi. Mzee akamwambia asubiri kidogo, kuna mstari unakaribia kukaa sawa.

Kisha ikaja Ijumaa moja jioni. Mzee alimkaribisha Nukta akiwa na wasiwasi mkubwa, akafunga mlango wa sebule.

"Hii ninakuonyesha wewe tu," alisema.

Kwenye kompyuta kulikuwa na mstari mmoja mwekundu uliopanda toka Jumatatu, taratibu, ukakaza mwendo Jumatano, ukazidi Alhamisi.

"Ni nini hii, baba?"

"Hasira za mama yenu. Kila jioni nampa alama kati ya sifuri na kumi. Jumatatu alikuwa mbili. Leo ni nane. Sasa nikaiuliza maktaba, Jumapili itakuwaje?" Akabonyeza. Mstari ukachomoka, ukapasua dari ya mchoro, ukatokomea juu. Pembeni namba ikasoma mia tatu na kitu.

"Mia tatu, mwanangu," mzee alinong'ona. "Kati ya kumi. Nimefikiria kwenda kwa kaka yangu mpaka Jumatatu."

Nukta alijifuta machozi ya kicheko.

"Baba, ndani ya nukta zako mstari unajua unachosema. Ukitoka nje ya nukta ya mwisho, haujui chochote. Unaendelea tu kule ulikokuwa unaelekea, kwa kujiamini, kama mtu asiyeijua njia lakini anaona aibu kuuliza."

"Kwa hiyo hatafika mia tatu?"

"Nani hatafika mia tatu?"

Mama mkwe alikuwa ameingia kwa mlango wa jikoni, mkononi ana sahani ambazo kwa siku nyingi hazikuwa na meza ya kukaa. Akaja akasimama nyuma yao. Akautazama mstari mwekundu, akazitazama siku zilizoandikwa chini yake.

"Huu mlima ni wa nini?"

Mzee Rula alikuwa na kasoro nyingi, lakini kuhusu vipimo hakuwahi kusema uongo.

"Ni wewe," alisema.

Mzee akakodoa macho kwenye kioo kana kwamba anatazamia namba ianze kupanda yenyewe. Mama mkwe akaweka sahani chini, akavaa miwani.

"Jumatano umenipa nne?"

"Nne, ndiyo."

"Jumatano nilikuwa nimetulia! Jumatano niliimba! Nne ya Jumatano imetoka wapi?"

"Uliimba kwa sauti ya kutisha," mzee akajitetea.

"Futa."

"Siwezi kufuta kipimo halali, mke wangu."

Mama mkwe akamgeukia Nukta. "Mwanangu, hii kitu inapokea namba za mtu yeyote?"

"Yeyote, mama."

"Na mimi nikitaka kuchora?"

"Unachora."

Akavuta kiti, akamsukuma mzee kwa nyonga mpaka akapata nafasi katikati, akapasha vidole. "Haya. Andika: kazi alizoahidi kuzifanya hapa nyumbani tangu astaafu. Na chini yake andika alizozifanya. Bomba la jikoni. Kitasa cha choo. Banda la kuku. Kabati." Alikuwa nazo zote kichwani, na tarehe zake. Nukta aliandika, mzee akipinga kila ya pili, na mama akimnyamazisha kwa mkono bila kugeuka. Mstari wa ahadi ulitoka mzuri, wa kupanda. Mstari wa pili ulilala chini kabisa, umenyooka kwa namna ambayo Nukta hakuwahi kuiona kwenye kazi yoyote.

"Huu hauhitaji hata maktaba," alisema bila kufikiri.

Mama mkwe alicheka mpaka miwani ikamvuka. Mchumba alipoingia na ngazi begani aliwakuta watatu wamebanana mbele ya kompyuta, wanabishana kama kuning'iniza pazia nusu kunahesabika kuwa kazi moja au nusu. Akauliza kama kuna mtu anataka kuzungumzia harusi.

"Mwezi ujao, Jumamosi ya pili," mama mkwe alisema bila kuinua macho. "Na baba yako atatengeneza bomba kabla ya hapo. Haya, mwanangu, weka hiyo nukta."

Nukta akaiweka.

"Mbona umeiweka chini?" mzee akauliza.

"Bado hujalitengeneza, baba," alisema Nukta, na mzee akaenda kutafuta spana.